Jina litakuja: miaka hamsini ya kuulizana wewe ni nani

Mwanzoni mwa miaka ya 1970, katika maabara ya akili bandia ya Chuo Kikuu cha Stanford huko California, watu wengi walifanya kazi kwenye kompyuta moja kwa wakati mmoja. Aliyetaka kujua nani yuko kazini aliandika amri ya WHO, na mashine ikamtolea orodha ya vifupisho vya majina na namba za laini. Mwenyeji alielewa. Mgeni aliambulia herufi tu. Les Earnest, mmoja wa viongozi wa maabara hiyo, aliwaona wenzake wakishuka na kidole kwenye orodha iliyochapwa, mstari kwa mstari, wakijaribu kukisia kila kifupisho ni cha nani na mwenyewe yuko wapi. Mwaka 1971 akaandika programu ya kuwaondolea adha hiyo, akaiita Finger kwa ajili ya vidole hivyo.

Ukiipa jina la akaunti usilolijua, Finger ilikujibu kwa jina kamili la mtu, siku aliyoingia mara ya mwisho na muda uliopita tangu aguse kibodi. Baadaye mtumiaji mmoja aliomba apatiwe mahali pa kuacha ujumbe kwa watakaomtafuta asipokuwepo, ndipo likaongezwa faili dogo lililoitwa Plan. Watu wakaandika humo wanakokwenda na lini watarudi. Wengine wakaligeuza kibao cha matangazo na mizaha.

Programu hiyo ilienea vyuo vingi vya Marekani, na kwa miaka kumi na zaidi ilijibu swali la "huyu ni nani?" kwa uaminifu ambao mitandao ya leo haijaufikia. Lakini uaminifu huo haukutoka ndani ya mashine. Mtu aliajiriwa kwanza, au alisajiliwa kama mwanafunzi, akapewa meza na ufunguo wa mlango, ndipo akafunguliwa akaunti. Jina lililotokea kwenye skrini lilikuwa limeandikwa na ofisi iliyomwona kwa macho. Ukiwa na shaka, ulitembea hatua chache ukagonga mlango.

Novemba 2, 1988, Robert Tappan Morris, mwanafunzi wa Chuo Kikuu cha Cornell, aliachia programu iliyojinakili yenyewe kutoka kompyuta hadi kompyuta. Moja ya njia zake za kupenya ilikuwa kasoro katika seva ya Finger: ilipokea ulizo refu kuliko nafasi iliyotengewa, na kilichofurika kikatekelezwa kama amri. Makadirio ya wakati ule yalikuwa kwamba kompyuta 6,000 hivi ziliathirika, katika mtandao uliokuwa na kompyuta 60,000 hivi. Wasimamizi wa mitambo wakaanza kuogopa kumjibu kila anayeuliza, na miaka iliyofuata wengi wao wakaifunga Finger kabisa.

Wakati huohuo intaneti ilikuwa inapokea watu ambao hakuna ofisi iliyowajua, na baadhi yao walikuwa na sababu nzito za kutojulikana. Mwaka 1993, Johan Helsingius wa Helsinki, Finland, alianzisha huduma iliyoitwa anon.penet.fi. Ulimtumia barua pepe, mashine yake ikafuta jina lako, ikakupa namba, ikaipeleka barua hiyo mbele. Walioitumia ni pamoja na watu waliotendewa ukatili majumbani, waliotaka kuzungumza na wenzao bila kutambuliwa na ndugu. Lakini siri yote ilikaa mahali pamoja: orodha iliyounganisha namba na anwani halisi. Februari 1995 Kanisa la Scientology lililalamika kwamba mtumiaji mmoja amesambaza nyaraka za kanisa hilo, polisi wa Finland wakafika kwa Helsingius, na baada ya mabishano akalazimika kutoa anwani moja. Agosti 1996, mahakama ilipoamuru atoe nyingine, aliifunga huduma.

Tangu hapo historia hii ina waulizaji wawili. Mmoja anauliza huyu ni nani ili ajue kama amwamini, amtumie fedha, ampende, au asambaze habari yake. Mwingine anauliza ili ajue pa kumkamatia. Wote wawili hutumia maneno yaleyale na mara nyingi vifaa vilevile, na ndiyo maana kila kifaa kinachobuniwa kwa ajili ya wa kwanza hakikawii kufika mikononi mwa wa pili.

Afrika Mashariki ililijua jambo hilo kabla kompyuta hazijakuwepo. Sheria ya kuwasajili Waafrika katika Kenya ya kikoloni ilipitishwa mwaka 1915 na kuanza kutekelezwa kwa nguvu baada ya Vita Kuu ya Kwanza. Kila mwanamume Mwafrika wa miaka 16 na kuendelea alitakiwa kubeba kipande: karatasi yenye jina lake, kabila lake, alama za vidole vyake, jina la mwajiri, mshahara, na tarehe za kuanza na kuacha kazi. Kilikaa ndani ya kikasha cha chuma, na wengi walikivaa shingoni kwa kamba. Wakikuyu wakakifananisha na kengele ya mbuzi.

Kipande hakikumsaidia Mwafrika kumjua mtu yeyote. Mzungu mwenye shamba hakuvaa kitu shingoni. Mwajiri asipoweka saini kwamba amekuruhusu kuondoka, ulihesabiwa mtoro, na alama za vidole zilizohifadhiwa Nairobi ziliweza kukurudisha hata ukijiita jina jingine wilaya nyingine. Mwanaharakati Harry Thuku aliposimama mwaka 1921 kupinga kodi na kupunguzwa kwa mishahara, kipande kilikuwa miongoni mwa malalamiko makuu. Alikamatwa Machi 14, 1922. Siku mbili baadaye askari wakaufyatulia risasi umati uliokusanyika nje ya kituo cha polisi Nairobi kudai aachiwe, na hesabu ya serikali yenyewe ilikiri vifo 21. Ni baada ya sheria ya mwaka 1947 ndipo kikaja kitambulisho cha wanaume wa rangi zote.

Kwa hiyo mtu wa ukanda huu anapoombwa athibitishe yeye ni nani, haulizwi kwenye uwanja mtupu. Ana kumbukumbu za babu zake.

Lakini yule muulizaji wa kwanza naye ana haki yake, na hakuna kisa kinachoionyesha haki hiyo waziwazi kuliko kile cha Amina Arraf.

Februari 2011, Syria ikiwa inaelekea kwenye maandamano, mwandishi aliyejiita Amina alianza kuandika mtandaoni kwa Kiingereza kutoka Damascus. Alijieleza kama msichana mwenye asili ya Syria na Marekani anayewapenda wanawake wenzake. Masimulizi yake yalikuwa na joto na ujasiri. Moja la mwezi Aprili, lililoeleza jinsi baba yake alivyowatoa mlangoni maofisa wa usalama waliokuja kumchukua usiku, lilisomwa na watu duniani kote, na magazeti makubwa yakaanza kumnukuu. Juni 6, mtu aliyejiita binamu yake akaandika kwamba Amina ametekwa barabarani na watu wenye silaha. Ndani ya saa chache maelfu ya watu walikuwa wamejiunga na kampeni ya kutaka aachiwe, na Wizara ya Mambo ya Nje ya Marekani ikaanza kufuatilia habari za raia wake huyo.

Andy Carvin, mwandishi wa redio ya taifa ya Marekani, NPR, alikuwa akifuatilia vuguvugu la nchi za Kiarabu kupitia Twitter kwa miezi kadhaa. Aliwatupia wafuasi wake swali ambalo lingepaswa kuulizwa mapema: kuna yeyote aliyewahi kukutana na Amina ana kwa ana? Au hata kusikia sauti yake? Jibu halikuja. Mwanamke mmoja wa Montreal, Kanada, aliyejihesabu kuwa mchumba wake, alikuwa amebadilishana naye mamia ya barua pepe. Hakuwahi kumwona uso wala kuzungumza naye kwa simu. Kila mara kulikuwa na sababu, na kwa nchi kama Syria ya wakati ule, kila sababu iliaminika.

Kisha ushahidi wa picha nao ukaanguka. Mwanamke mmoja aishiye London aligundua kwamba uso wa Amina uliochapishwa gazetini ni wake mwenyewe. Picha zake za Facebook zilikuwa zimechukuliwa bila yeye kujua.

Waliobaki na kazi ngumu ni wachunguzi waliokuwa mbali kabisa na Damascus, hasa Ali Abunimah na Benjamin Doherty wa jarida la mtandaoni la Electronic Intifada. Walichofanya ni kazi ya subira, isiyohitaji chombo chochote cha ajabu. Walitafuta alikowahi kuandika Amina kabla hajapata umaarufu, wakapata anwani ya nyumba katika jimbo la Georgia, Marekani, aliyowahi kuitoa kwenye kundi moja la barua pepe. Kumbukumbu za umiliki, ambazo huko ziko wazi kwa kila mtu, zilionyesha nyumba ile ni ya Tom MacMaster. Walilinganisha picha za Syria alizozichapisha Amina na picha zilizokuwa kwenye albamu ya mtandaoni ya mke wa MacMaster. Zilikuwa zilezile. Namba za kompyuta zilizotumika kutuma baadhi ya maandishi zilielekeza kwenye Chuo Kikuu cha Edinburgh, Scotland, alikokuwa akisoma MacMaster, Mmarekani wa miaka 40. Hakuna hata uzi mmoja kati ya nyuzi hizo uliotosha peke yake. Ziliposukwa pamoja zikawa kamba. Juni 12, akiwa mapumzikoni Uturuki, MacMaster akakiri.

Waliotoa baadhi ya namba hizo za kompyuta ni wahariri wa tovuti nyingine ya wanawake, ambako Amina aliwahi kuandika. Siku moja baada ya MacMaster kukiri, ikabainika kwamba mhariri mkuu wa tovuti hiyo, aliyejulikana kama Paula Brooks, naye alikuwa mwanamume mstaafu wa jimbo la Ohio. Watu wawili wa kubuni walikuwa wameandikiana, kila mmoja akimwamini mwenzake.

Ni rahisi kukifanya kisa hiki kichekesho, na ingekuwa dhuluma. Ndani ya Syria walikuwepo watu wa kweli wenye maisha kama yale aliyoyatunga MacMaster, wakiandika kwa majina ya bandia kwa sababu jina halisi lingewafikisha gerezani. Baadhi yao walipita huku na huko wakiulizia habari za Amina, wakajianika kwa vyombo vya usalama kwa ajili ya mtu ambaye hayupo. Walipogundua, hasira yao ilikuwa kali, nao walikuwa na haki: tangu siku ile kila jina la bandia lililotoka Damascus lilitiliwa shaka, na serikali ikapata hoja ya kudai kwamba sauti zote za upinzani ni za kupikwa. Mwongo mmoja aliyekaa salama Edinburgh aliwanyang'anya waliokuwa hatarini kinga waliyoihitaji.

Siku mbili baada ya MacMaster kukiri, Google ilitangaza huduma ya kutafuta kwa kutumia picha: unaipa picha, inakuonyesha imewahi kutokea wapi. Huduma nyingine ya aina hiyo, TinEye, ilikuwa imetangulia mwaka 2008. Leo hiyo ni hatua ya kwanza ya mtu yeyote anayemchunguza mgeni aliyemwandikia, na kweli hunasa matapeli wengi wavivu. Hainasi uso uliotengenezwa na kompyuta, kwa kuwa uso huo haukuwahi kuwa wa mtu, hivyo hakuna mahali pengine ulipotokea.

Tiki ya bluu ya Twitter nayo ilianzia mahakamani. Mei 2009, Tony La Russa, meneja wa timu ya besiboli ya St. Louis Cardinals, aliishtaki Twitter kwa sababu mtu alifungua akaunti kwa jina lake na kuandika mizaha ya kikatili kuhusu wachezaji waliokufa. Mwezi uliofuata kampuni ikatangaza kwamba itaanza kuzithibitisha akaunti za watu mashuhuri na taasisi za umma. Alama hiyo ilimaanisha jambo moja dogo: mtu wa kampuni amekagua, na anayetumia jina hili ni mwenye jina. Polepole ikageuka cheo. Wasanii waliisherehekea walipoipata, na waliokosa walihisi wamedharauliwa. Novemba 2017 Twitter ilimpa tiki mtu aliyeandaa mkutano wa wabaguzi wa rangi Charlottesville, ghadhabu ikazuka, na kampuni ikasimamisha maombi ya umma. Ilijitetea kwamba alama haikukusudiwa kuwa sifa. Watu walikuwa wameshaisoma hivyo siku nyingi.

Hata ilipofanya kazi yake sawasawa, tiki ilithibitisha akaunti tu. Haikuweza kusema nani ameishika simu. Julai 15, 2020, wadukuzi walioongozwa na kijana wa miaka 17 wa Florida waliwahadaa wafanyakazi wa Twitter na kuingia kwenye mitambo ya ndani. Walizigusa akaunti 130, zikiwemo za Barack Obama, Joe Biden na Bill Gates, na kupitia baadhi yake wakawaahidi watu kuwarudishia mara mbili bitcoin watakazotuma. Zilitumwa za thamani ya zaidi ya dola 100,000. Kwa saa kadhaa kampuni iliwazuia wenye tiki kuandika chochote, kwa kuwa alama ya kuaminika ndiyo ilikuwa imebeba utapeli.

Miaka miwili baadaye, chini ya mmiliki mpya wa Twitter, Elon Musk, tiki ikauzwa kwa dola 8 kwa mwezi bila ukaguzi wa maana. Mauzo yalianza Novemba 9, 2022. Siku iliyofuata akaunti yenye jina na nembo ya Eli Lilly, kampuni kubwa ya dawa ya Marekani, ilitangaza kwamba insulini sasa ni bure. Ilikuwa na tiki, na iliachwa kwa saa kadhaa. Wagonjwa wa kisukari, ambao bei ya dawa hiyo imewatesa miaka mingi, walisoma tangazo lile. Kampuni halisi ikalazimika kuomba radhi kwa jambo ambalo haikulisema, na siku iliyofuata hisa zake zikashuka kwa zaidi ya asilimia 4. Mauzo ya tiki yakasimamishwa kwa muda, na yaliporudi mwezi Desemba kampuni na serikali zikapewa alama za rangi nyingine.

Korea Kusini ilijaribu njia ya mkato. Kuanzia mwaka 2007, tovuti kubwa zililazimishwa kuhakiki namba ya kitambulisho ya kila mtu anayetaka kutoa maoni. Julai 2011 wadukuzi wakaingia kwenye hifadhi za tovuti mbili za kampuni moja na kuondoka na taarifa za watu wapatao milioni 35, katika nchi yenye watu milioni 50 hivi. Agosti 2012 Mahakama ya Katiba ikaifuta sheria hiyo kwa kauli moja, ikisema inabana uhuru wa kusema bila kuleta faida inayolingana.

Nchini Tanzania, swali lilikuja kwa njia zote mbili. Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015 iliipa polisi uwezo wa kudai taarifa za watumiaji, na Desemba 2016 Maxence Melo, mwanzilishi mwenza wa jukwaa la mijadala mtandaoni la JamiiForums, akakamatwa. Miongoni mwa mashtaka ni kuzuia uchunguzi kwa kukataa kutoa taarifa za waliokuwa wameandika humo kwa majina ya bandia. Kesi zilikwenda miaka, kuahirishwa kwa kuahirishwa, huku mwaka 2019 akitunukiwa tuzo ya kimataifa ya uhuru wa habari na kamati ya kuwalinda waandishi yenye makao New York. Wasomaji wa jukwaa hilo hawakuwa wakiulizia majina. Mtu alipoweka hati ya mkataba wenye harufu ya ufisadi, waliuliza muhuri ni wa kweli? Tarehe zinalingana? Kuna anayefahamu ofisi ile? Walihakiki hati, na aliyeileta wakamwacha na siri yake.

Mei 1, 2019 ukaanza usajili wa laini za simu kwa alama za vidole na namba ya kitambulisho cha taifa (NIDA). Foleni zilikuwa ndefu kiasi kwamba mwisho wa Desemba uliongezwa hadi Januari 20, 2020. Sababu iliyotolewa ni kuwakomesha matapeli, na ilikuwa sababu halali, kwani mtandao wa fedha ulikuwa tayari unategemea jina. Anayetuma pesa anaingiza namba, anaingiza kiasi, na kabla ya kuweka namba ya siri anaonyeshwa jina la mpokeaji.

Matapeli wakaligeuza jina hilo kuwa chambo. Kila mwenye simu nchini anaujua ujumbe wao: ile hela tuma kwenye namba hii, jina litakuja la fulani. Unaupokea wakati mwenye nyumba anasubiri kodi, au shule inasubiri ada, na kichwani mwako tayari kuna mtu anayekudai. Unaingiza namba, jina linakuja lilelile uliloambiwa, na moyo unatulia. Kumbe jina ni la mtu mwingine ambaye kitambulisho chake kilitumika kusajilia laini asiyoijua. Ndiyo maana Mamlaka ya Mawasiliano inawahimiza wananchi wapige *106# waone ni laini ngapi zimesajiliwa kwa namba zao za NIDA, na namba ya tapeli waitume 15040.

Akaunti ya WhatsApp iliyotekwa ni mtihani mgumu zaidi, maana hapo hakuna kinachoonekana cha uongo: picha ni ya dada yako, namba ni yake, na mazungumzo ya mwaka mzima yapo hapo juu. Anaomba laki mbili hadi jioni. Ukimpigia anakata, kisha anaandika kwamba yuko kikaoni au spika ya simu imeharibika. Waliowahi kulizwa wameacha kubishana na simu hiyo. Wanampigia shemeji anayekaa naye nyumba moja, na kumuuliza kama dada ana shida ya hela.